Maswali na majibu: Jackie Robinson, kutoka beisi ya pili hadi benki ya Harlem

Wasomaji wametuuliza mengi kuhusu Jackie Robinson (1919–1972), mtu Mweusi wa kwanza kucheza katika ligi kuu za besiboli za Marekani katika karne ya 20. Tunajibu yaliyojirudia zaidi. Kwa asiyeujua mchezo: beisi ni vituo vinne ambavyo mkimbiaji huvipitia kwa zamu, na ya nyumbani, anapoanzia mpigaji, ndiyo ya mwisho.

Anatajwa kuwa mlinzi wa beisi ya pili. Mbona picha za 1947 zinamwonyesha kwenye beisi ya kwanza?

Alipoanza kuichezea timu ya Brooklyn Dodgers, Aprili 15, 1947, beisi ya pili ilikuwa na mwenyewe, Eddie Stanky. Robinson akapewa beisi ya kwanza, nafasi aliyokuwa mgeni nayo. Pale mlinzi huacha mguu mmoja kwenye beisi huku akinyoosha glavu kuupokea mpira, na mkimbiaji anamjia na viatu vyenye meno ya chuma. Agosti mwaka huo Enos Slaughter wa St. Louis alimkanyaga mguu. Hata hivyo msimu uliisha akiwa mchezaji bora chipukizi. Stanky alipopelekwa Boston mwaka 1948, Robinson akahamia beisi ya pili.

Kutoa wakimbiaji wawili kwa mpira mmoja hufanyikaje, na yeye alikuwa hodari kiasi gani?

Hapa ndipo tungependa watu wamtazame zaidi, maana sifa za ujasiri wake zimefunika ufundi wake. Chukulia kuna mkimbiaji kwenye beisi ya kwanza, na mpigaji ameupiga mpira ukabingirika chini kuelekea kwa mlinzi aliye kati ya beisi ya pili na ya tatu. Kwa Dodgers huyo alikuwa Pee Wee Reese. Mlinzi wa beisi ya pili huanza kukimbia mpira ukipigwa tu, kisha hufupisha hatua akikaribia beisi, ili aweze kugeukia upande wowote mpira utakapotokea. Huupokea kwa mikono miwili usawa wa kifua, huigusa beisi kwa mguu kabla mkimbiaji hajafika, na huyo ametolewa; papo hapo huurusha beisi ya kwanza, umbali wa mita 27.4, ili kumtoa na mpigaji.

Makosa huja kwa njia tatu. Akifika mapema mno na kusimama, mkimbiaji anayeteleza ardhini humkata miguu. Akimtazama mkimbiaji kabla mpira haujatulia mkononi, unamponyoka. Akirusha huku mwili unaanguka nyuma, mpira unafika chini na umechelewa. Mwaka 1951 Robinson alishiriki kutoa wakimbiaji wawili namna hii mara 137 na akafanya makosa 7 tu kwenye beisi ya pili.

Aliibaje beisi ya nyumbani?

Kuiba beisi ni kukimbilia beisi inayofuata bila kungoja mpira upigwe. Mpira wa mrushaji hufika kwa mdakaji katika muda wa takriban nusu sekunde, kwa hiyo mkimbiaji aliye beisi ya tatu lazima awe amekwisha kusogea mbali kabla haujatoka mkononi. Robinson alinyemelea kidogo kidogo, akarudi, akanyemelea tena, hadi mrushaji alipoanza mzunguko mrefu wa mkono. Mrushaji wa mkono wa kushoto humfaa mwizi huyu, kwa kuwa huipa beisi ya tatu mgongo. Whitey Ford wa Yankees alikuwa wa kushoto, na ndiye aliyeibiwa katika mchezo wa kwanza wa fainali za 1955, Robinson akiwa na miaka 36. Dodgers walipoteza mchezo huo 6–5, lakini wakatwaa ubingwa kwa michezo 4–3.

Wastani wake wa kupiga ni .311 au .313?

Wastani huu ni sehemu ya mara alizopiga mpira na kufika beisi salama, kati ya zamu zake zinazohesabiwa. .311 ni wa Dodgers peke yake. Mwaka 2024 ligi kuu ziliingiza takwimu za ligi za Weusi, na miezi yake ya 1945 na timu ya Kansas City Monarchs ya ligi hizo ikaupandisha hadi .313.

Aliishi kwa kazi gani baada ya kustaafu?

Desemba 1956 Dodgers walimpeleka New York Giants. Hakwenda. Tayari alikuwa amekubaliana na Chock full o'Nuts, kampuni ya kahawa na migahawa, kuwa makamu wa rais anayesimamia wafanyakazi. Aliiacha kazi hiyo mwaka 1964 ili kumfanyia kampeni Nelson Rockefeller, gavana wa New York aliyewania urais. Alishiriki pia kuanzisha Freedom National Bank huko Harlem, ambako Weusi walinyimwa mikopo na benki nyingine. Benki hiyo ilidumu hadi 1990, na kwetu sisi ina uzito kuliko kombe lolote alilotwaa. Mwaka 1970 akaanzisha kampuni ya kujenga nyumba za watu wa kipato kidogo.

Alikufaje akiwa na miaka 53 tu?

Moyo. Kisukari kilikuwa kimemdhoofisha kwa miaka mingi na kumpunguzia sana uwezo wa kuona. Oktoba 15, 1972, kwenye fainali za Cincinnati, alisema hadharani kwamba anatamani kumwona kocha mkuu Mweusi. Alifariki siku tisa baadaye. Kocha huyo, Frank Robinson wa Cleveland, alianza kazi mwaka 1975; hawakuwa ndugu.

Ni kweli ana uhusiano na Afrika Mashariki?

Ni kweli, mara mbili. Mwaka 1959 yeye, Harry Belafonte na Sidney Poitier walitia saini barua ya kuchangisha nauli za wanafunzi waliopelekwa kusoma Marekani na mwanasiasa wa Kenya Tom Mboya, na Septemba mwaka huo ndege ya kwanza ikafikisha vijana 81 Marekani. Kisha mwanawe wa mwisho, David, alihamia Tanzania miaka ya 1980 na kulima kahawa Mbozi, akishirikiana na wakulima wenzake kuiuza moja kwa moja Marekani.