MASWALI YENU: Kuiga sauti, kuanzia Kochi mpaka Kilombero

Toleo lililopita tulitaja kwa ufupi wachekeshaji wa Kerala, jimbo la kusini mwa India wanakozungumza Kimalayalam, ambao wengi wao walianza kwa kuiga sauti za watu, wanyama na mashine. Barua zimemiminika, nyingi kutoka Arusha na Moshi. Hizi ndizo tulizoona zinagusa wengi.

Shikamooni. Kuna klipu inazunguka kwenye magrupu: mwigizaji wa Kihindi anacheka kicheko cha ajabu, halafu anatoa sauti za wanyama. Wameandika Kalabhavan Mani. Nimekutana pia na Kalabhavan Navas na Kalabhavan Shajohn. Hawa ni ndugu? — Mwanafunzi, Sakina, Arusha

Marahaba. Si ndugu. Kalabhavan ni taasisi ya sanaa iliyoko Kochi, mji wa bandari wa Kerala, iliyoanzishwa mwaka 1969 na padri Mkatoliki aliyejulikana kama Father Abel. Mwanzoni kazi yake kubwa ilikuwa muziki. Mwigaji sauti alikuwa kijazio tu: anapewa dakika chache katikati ya nyimbo ili wapiga vyombo wapumue, kisha anashuka. Mwaka 1981 vijana sita wa pale walisimama mstari mmoja jukwaani, wakaiga sauti mwanzo mpaka mwisho, onyesho zima lao peke yao. Waliliita Mimics Parade, yaani gwaride la waigaji. Wawili kati yao, Siddique na Lal, baadaye wakawa waongozaji filamu wakubwa. Tangu hapo kupitia Kalabhavan kukawa kama kuwa na cheti, na wasanii wengi wanaotoka pale wanatanguliza jina la taasisi mbele ya majina yao.

Huyo wa kwenye klipu yako, Mani, alizaliwa tarehe 1 Januari 1971 Chalakudy, wilaya ya Thrissur, katika familia maskini ya Wadalit, watu wanaobaguliwa kama wa chini kabisa katika matabaka ya India. Kabla ya filamu aliendesha bajaji na kufanya vibarua. Filamu yake ya kwanza, Aksharam ya 1995, walimpa nafasi ya dereva wa bajaji, kazi ambayo hakuhitaji kufundishwa. Mwaka uliofuata akaigiza mgema katika Sallapam, na hapo ndipo Kerala nzima ikamjua. Mwaka 1999 alicheza mwimbaji kipofu katika Vasanthiyum Lakshmiyum Pinne Njaanum, na jopo la Tuzo za Taifa za Filamu za India likamtaja kwa heshima maalumu. Sauti za wanyama unazozisikia alizitumia hata katika filamu ya Kitamil, Gemini ya 2002, ambamo yeye ni jambazi: anaiga mnyama, na mtu anayemtazama anaogopa badala ya kucheka. Alirekodi pia nyimbo nyingi za kienyeji za watu wa mashambani. Alifariki tarehe 6 Machi 2016 akiwa na miaka 45, baada ya kuugua ini.

Sikiliza tena kile kicheko. Hakianzii kifuani. Kinaanzia puani, kwa "nya", kisha kinadondoka ngazi kwa ngazi. Waigaji wengi wanakosea kwa kukipandisha.

Kwa wanaodhani mchekeshaji hawezi kazi nzito: Salim Kumar alianza kwa kuiga sauti, akashinda tuzo ya taifa ya mwigizaji bora kwa filamu ya 2010. Suraj Venjaramoodu, naye mwigaji, akashinda kwa filamu ya 2013. Shajohn uliyemtaja alikuwa mtu wa vichekesho mpaka alipocheza askari katili katika Drishyam mwaka huohuo wa 2013, watu wakamchukia kwelikweli.

Naiga sauti ya Mwalimu Nyerere. Nyumbani wanacheka sana, lakini nikijirekodi kwenye simu naona siyo kabisa. Nani mkweli, simu au ndugu zangu? — Majengo, Moshi

Simu. Ukizungumza, sauti yako unaisikia kwa hewa na pia kupitia mifupa ya kichwa, na mifupa inaongeza besi. Kwa hiyo kichwani mwako unasikika mzito kuliko unavyosikika kwa wengine. Ndugu zako wanacheka kwa sababu wanajua unamwiga nani kabla hujafungua mdomo.

Kwa Mwalimu kosa ni lilelile kila mahali: mtu anashusha sauti kwa kuwa anamwiga mzee. Sauti ya Mwalimu ilikuwa nyepesi na ya juu. Uzito wake ulikuwa kwenye kunyamaza: anauliza swali, anaacha ukumbi usubiri, halafu anajibu mwenyewe, na mara nyingi anarudia maneno yaleyale kwa mkazo mwingine. Ukipata vituo hivyo kwa sauti yako ya kawaida, nusu ya kazi imekwisha.

Fanya hivi. Chukua kipande cha sekunde 30 cha hotuba, kisizidi. Kiandike neno kwa neno, pamoja na "eeh" na kigugumizi chochote. Weka mkwaju (/) mmoja penye kituo kifupi, miwili penye kirefu, na alama ya pumzi kila anapovuta hewa. Pigia mstari maneno anayoyakazia. Hesabu maneno, zidisha kwa mbili, umepata kasi yake kwa dakika. Siku za mwanzo soma kwa kasi hiyo tu na vituo hivyo, kwa sauti yako mwenyewe. Likishakaa hilo, tafuta sauti inakaa wapi: puani, kifuani au juu ya koo. Baada ya hapo fuata taya na midomo. Maneno anayoyapenda na kicheko viwe vya mwisho kabisa, kwa sababu ni rahisi na vinadanganya: mtu akivishika mapema anadhani amefika.

Kila hatua jirekodi, lakini usisikilize papo hapo. Acha sikio lipoe kwanza, nusu saa hivi.

Mtihani wenyewe ni huu: tunga sentensi ambayo mtu huyo hakuwahi kuitamka, mpe msikilizaji aliyefumba macho, usitaje jina. Akimtambua, umefaulu. Akimtambua kwenye ile sentensi maarufu tu, wewe umekariri sentensi. Waigaji wa Kerala wanaishi kwa mchezo huu: nyota wa filamu mwenye sauti ya kifalme anawekwa sokoni akibishania bei ya samaki. Mtume Mwalimu stendi ya Kilombero, Arusha, akamuulize konda, kwa hoja tatu na kituo kirefu, kwa nini haisi ya watu 14 imebeba 22.

Na usisahau lafudhi. Suraj alipata umaarufu kwa Kimalayalam cha upande wa Thiruvananthapuram, mji mkuu wa Kerala, ambacho watu wa wilaya nyingine walikuwa wanakiona cha kuchekesha, na mwaka 2005 alimsaidia nyota Mammootty kukishika kwa ajili ya filamu ya Rajamanikyam. Wewe uko Moshi, mji wenye Wachaga wa Rombo, wa Machame, wa Marangu na wa Kibosho, kila mmoja na mwimbo wake katika Kiswahili. Anayewaiga wote kwa mtindo mmoja hajasikiliza.

Mimi ni MC wa harusi na sendofu. Sauti ya haisi na ya treni nikizifanya bila maiki ni safi. Ukumbini zinageuka uji, na wakati mwingine spika zinapiga mluzi. — MC, Njiro

Mambo matatu, na la kwanza siyo lako. Fundi mitambo wa harusi anapenda eko kwa sababu inapendezesha waimbaji. Eko inaua kazi ya mwigaji, kwa kuwa kila mlio mfupi unaburuzwa mpaka unaupanda mlio unaofuata. Kabla wageni hawajaingia, mwombe aizime kabisa kwenye maiki yako. Akikataa mpe soda, umwombe tena.

La pili ni mkono. Wengi mnafumbata kichwa cha maiki kwa kiganja kama warapa. Ile nyavu ina matundu ya nyuma na pembeni yanayosaidia maiki kukataa sauti zinazotoka kwingine. Ukiyaziba, maiki inapokea kutoka kila upande, sauti yako inakuwa ya ndani ya debe, na mluzi unaanza. Shika mpini. Simama nyuma ya spika kubwa, usipite mbele yake ukiwa na maiki imewashwa.

La tatu ni umbali, na hapa ndipo ufundi ulipo. Maiki za mkononi za ukumbini huongeza besi kadiri unavyozisogelea. Kuzungumza na kuiga mtu: sentimita 5 mpaka 10, maiki ikiwa imeinama kidogo pembeni ya mdomo ili "p" na "b" zisipige kishindo. Injini na treni: sentimita 1 au 2, kwenye kona ya mdomo, siyo mbele, la sivyo pumzi inafunika kila kitu. Treni inayoondoka: anza hapo kwenye kona, kisha isogeze maiki taratibu mpaka sentimita 30 huku ukipunguza pumzi. Ukipunguza pumzi bila kusogeza maiki, treni inasikika imechoka, haisikiki imekwenda mbali.

Haisi ya dizeli iliyosimama ni "drrr" ya ncha ya ulimi nyuma ya meno, midomo imelegea, mwendo ule ule. Ikiondoka, sauti inapanda. Kubadili gia ni kuikata kwa muda mfupi mno na kuanza tena chini ya pale ulipoishia. Wengi wanaanzia palepale juu, ndiyo maana gari lao halina gia ya pili. Malizia na mlango wa kuburuta na kofi la konda kwenye bodi. Kofi hilo ndilo litakalopigiwa makofi.

Habari za kazi, wanangu. Kijana wangu ana miaka 16, anaiga sauti nzito za wazee na za majini kwenye mashindano ya shule. Sasa wiki ya nne sauti imekauka. Nampa tangawizi. — Mama wa Rau, Moshi

Nzuri, mama, shikamoo. Wiki ya nne ni ndefu. Sauti iliyokwaruza zaidi ya wiki tatu ionwe na daktari wa masikio, pua na koo. Hapo Moshi, hospitali ya KCMC, wapo. Tangawizi haina ubaya, ila haifiki kwenye nyuzi za sauti. Inapita njia ya chakula.

Ile sauti ya jini hutolewa kwa kukaza koo mpaka mikunjo iliyo juu ya nyuzi za sauti inagusana. Ikifanywa kwa nguvu na kila siku, nyuzi zenyewe zinavimba na zinaweza kuota vinundu. Kwa sasa aache kuiga, aache kupiga kelele, na asinong'one: kunong'ona kwa nguvu kunakaza koo vilevile. Anywe maji mara kwa mara, hasa miezi ya baridi na vumbi.

Daktari akimruhusu kurudi, aanze kila zoezi kwa mrija. Glasi ya maji, mrija uzame sentimita 2 au 3, atoe sauti ya "uuu" kupitia mrija mapovu yakitoka, dakika 5, akipanda na kushuka taratibu. Sauti za kukwaruza zisizidi sekunde chache kwa mara moja, na ziwe mwisho wa onyesho, zisiwe mwanzo. Koo likiuma au likiwasha, amepita kiasi siku hiyo.

Tuko wanne, tunataka onyesho kama la hao wa Kochi. Kila mmoja akipanda peke yake watu wanaanza kuchezea simu. — Sokon 2, Arusha

Simu zinatoka wakati wa kupishana. Siri ya ule mstari wa 1981 ni kwamba hakuna anayeshuka. Wote mnabaki jukwaani. Asiye na zamu anakuwa mlio wa nyuma ya tukio: mvua, mbwa, honi, redio ya jirani. Anayebadilika kuwa mtu mwingine anageuka mgongo, anapanga uso, mabega na nywele, kisha anawageukia watazamaji akiwa tayari. Uso ufike kabla ya sauti.

Msiunganishe sauti, unganisheni tukio. Chagueni sehemu moja, tuseme basi la Moshi–Arusha lililoharibika Kikatiti, na kila sauti mliyonayo iwe abiria, fundi au trafiki. Dakika 20 zinawatosha kwa kuanzia. Sauti mnayoiamini zaidi iwe ya mwisho, ya pili kwa ubora iwe ya kwanza, na ile mnayobishania kama inafanana itupeni.

Nikiweka mtandaoni sauti ya kiongozi aliyeko madarakani, nitakamatwa? — Bila jina, Arusha

Sheria ya Makosa ya Mtandao ya mwaka 2015, kifungu cha 15, inakataza kutumia kompyuta kujifanya mtu mwingine, na simu yako inahesabika humo. Mchekeshaji anayeonekana uso na kutaja jina lake yuko mahali tofauti na mtu aliyesambaza sauti tupu ikadhaniwa ni ya mheshimiwa. Kwa hiyo usitume kamwe sauti peke yake. Rekodi video, uso wako uonekane muda wote, jina lako la kisanii liandikwe juu ya picha tangu sekunde ya kwanza hadi ya mwisho, maana watu hukata vipande. Usimtungie kiongozi agizo, tangazo wala ahadi ya fedha, hata kwa utani. Jisajili BASATA (Baraza la Sanaa la Taifa) kama msanii, na kwa jambo lenye utata muulize wakili kabla ya kulipandisha.