Maswali ya Wasomaji: Ni Nani Anayewaamrisha Wabudha Kutenda Wema?

SWALI: Mhariri, salaam. Mimi ni mwalimu wa historia katika shule ya sekondari hapa Bagamoyo. Tulipofika kwenye dini za Asia, mwanafunzi mmoja aliuliza: ikiwa Wabudha hawamtegemei Mungu muumba anayeamrisha na kukataza, ni nani basi aliyewaambia kwamba wizi ni mbaya? Mwenzake, ambaye baba yake ni mvuvi, akauliza kama kwa Wabudha baba yake ni muuaji. Naomba ufafanuzi. — Mwalimu, Bagamoyo

JIBU: Ahsante, Mwalimu, na uwafikishie wanafunzi wako pongezi zangu, kwa sababu maswali yao yamekwenda kwenye kiini cha maadili ya Kibudha, na la pili ni gumu kuliko la kwanza.

Mafundisho ya Siddhartha Gautama, ambaye ndiye Budha, hayakuanza na amri bali na dhiki. Katika hotuba yake ya kwanza, aliyoitoa Sarnath karibu na mji wa Varanasi nchini India, alisema kwamba maisha yamefungamana na dhiki, kwamba dhiki hiyo ina chanzo, nacho ni kiu ya nafsi isiyokatika, kwamba inaweza kukomeshwa, na kwamba ipo njia ya kuikomesha yenye sehemu 8, ambazo 3 kati yake ni za maadili: kusema sawasawa, kutenda sawasawa na kuchuma riziki sawasawa. Kwa hiyo mwanafunzi wako akitaka kujua kwa nini wizi ni mbaya, Mbudha atamjibu kwamba wizi unachipuka katika mizizi ya uovu, ambayo ni tamaa, chuki na upofu wa kutoyaona mambo yalivyo, na kwamba anayeilisha mizizi hiyo humwumiza mwenziwe na papo hapo hujifunga mwenyewe.

Hata zile kanuni 5 za Mbudha wa kawaida hazikutungwa kwa sauti ya kuamrisha. Mtu husema kwa kinywa chake kwamba anajitwika zoezi la kujiepusha na kuua, na kuchukua asichopewa, na uzinifu, na uongo, na vileo vinavyoondoa uangalifu. Anayeteleza ameliacha zoezi, na hutakiwa alishike tena.

Sisi watu wa pwani tumekua tukisikia kwamba amali huzingatiwa kwa nia, na Budha naye aliiweka nia katikati, akisema kwamba nia ndiyo anayoiita karma, yaani tendo linalomzalia mtu matunda. Wajaini, wafuasi wa dini nyingine ya India ya kale waliokuwa washindani wake wa karibu, walishikilia kwamba tendo la mwili ndilo zito kuliko yote, naye akawajibu kwamba zito kuliko yote ni lile la moyo. Lakini tusizifananishe dini hizi mbili kupita kiasi. Kwa Mwislamu nia hupimwa na Mwenyezi Mungu, ambaye hulipa na husamehe. Katika mafundisho ya Budha karma haina mwenye kuifuta, kwani nia yenyewe ndiyo inayomjenga mtu na kumzalia matunda yake, katika maisha haya au yajayo.

Wapo wanaodhani kwamba maadili ya namna hiyo ni mepesi, kwamba mtu atatenda apendalo kisha adai nia yake ilikuwa njema. Mimi naona kinyume kabisa. Katika mawaidha aliyompa mwanawe Rahula, aliyeingia utawa angali mtoto, Budha alimwuliza kioo ni cha kazi gani, na Rahula akajibu kwamba ni cha kujitazamia. Basi vivyo hivyo, akaambiwa, ulitazame kila tendo la mwili, la ulimi na la moyo kabla hujalitenda, wakati unalitenda, na baada ya kulitenda, ukijiuliza kama linakudhuru wewe, au linamdhuru mwingine, au linawadhuru nyote wawili. Ukigundua baadaye kwamba tendo au neno lako lilidhuru, likiri mbele ya mwalimu au ya wenzako wenye hekima, na ujizuie siku zijazo. Mtu anayejihesabu namna hiyo mchana kutwa hawezi kujificha nyuma ya nia njema, maana madhara nayo yanaulizwa, na kujidanganya ni sehemu ya upofu uleule unaohesabiwa kuwa mzizi wa uovu.

Tuje kwa baba mvuvi. Wafafanuzi wa kale, na hasa Buddhaghosa aliyeandika Sri Lanka katika karne ya 5, walieleza kwamba kuua kunakamilika yakikutana mambo 5: pawe na kiumbe hai, mtu ajue kwamba ki hai, akusudie kukiua, afanye jitihada ya kukiua, na kiumbe kife kwa jitihada hiyo. Anayemkanyaga sisimizi gizani bila kujua hakuvunja kanuni. Mvuvi anayevuta jarife anajua na anakusudia, kwa hiyo sitamficha kijana: kwa kanuni ya kwanza, kazi ya baba yake ni kuua. Hata hivyo wafafanuzi haohao hawakuviweka vifo vyote kwenye mzani mmoja, bali walisema kwamba uzito wa tendo hutegemea kiumbe aliyeuawa, jitihada iliyotumika, na ukali wa tamaa au chuki iliyomsukuma muuaji. Kwa maoni yangu mzani huo unatufaa hata sisi tusio Wabudha. Baba anayetupa wavu ili watoto wale, na mtu anayelipua baruti akiteketeza matumbawe na samaki wachanga ambao hata hatawaokota, wote wawili wameua, ila hawawezi kuwekwa safu moja.

Zaidi ya hayo, Budha alizitaja biashara 5 zisizomfaa mfuasi wake: ya silaha, ya viumbe hai, ambayo wafafanuzi waliielewa kuwa ni kuuza watu, ya nyama, ya vileo na ya sumu. Mkaazi wa Bagamoyo, mji ambamo misafara ya bara ilishusha pembe za ndovu na mateka katika karne ya 19, hahitaji kuelezwa ubaya wa kuuza watu. Uvuvi haukutajwa kwa jina katika orodha hiyo, ingawa Mbudha mkali atasema kwamba umeingia kupitia mlango wa nyama.

SWALI: Mtoto wa dada yangu alizaliwa na ulemavu wa miguu. Jirani mmoja, aliyesoma mahali habari za karma, alimwambia dada kwamba mtoto analipa maovu ya maisha yaliyopita. Je, ndivyo Wabudha wanavyofundisha? — Msomaji, Kaole

JIBU: Mwambie dada asiyabebe maneno hayo. Mtu aitwaye Sivaka alimwuliza Budha kuhusu watu waliodai kwamba kila maumivu yanatokana na matendo ya zamani, naye akajibu kwamba watu hao wamepita mpaka wa wanachokijua. Akataja sababu 8 za maumivu, zikiwemo maradhi ya mwili, mabadiliko ya majira, kutojitunza na kushambuliwa, na matunda ya karma yakawa moja tu kati ya hizo. Ni kweli kwamba yapo mafundisho mengine yanayohusisha ugonjwa na matendo ya maisha yaliyopita, lakini ipo pia kauli inayoonya kwamba kuyachimba matunda ya karma ya mtu ni miongoni mwa mambo 4 yasiyofikirika, ambayo anayeyang'ang'ania atachanganyikiwa. Jirani, basi, alidai ujuzi ambao mafundisho yenyewe yanamnyima.

Na hata kama angekuwa na ujuzi huo, usingempa ruhusa ya kusimanga. Budha alipomkuta mtawa mmoja akiumwa tumbo la kuhara, amelala katika uchafu wake na wenzake wamemtelekeza, hakuuliza alitenda nini zamani. Alimwosha kwa mikono yake akisaidiana na mhudumu wake Ananda, kisha akawaambia watawa kwamba anayetaka kumhudumia yeye na amhudumie mgonjwa.

SWALI: Kama mafundisho ni hayo, mbona Waislamu wa Rohingya walifukuzwa Myanmar, nchi ya Wabudha? — Msomaji, Magomeni, Bagamoyo

JIBU: Swali ni la haki. Tangu Agosti 2017 zaidi ya watu 700,000 wa Rohingya walikimbilia Bangladesh kutokana na operesheni ya jeshi, na wapo watawa waliokuwa wakihubiri chuki dhidi ya Waislamu miaka kadhaa kabla ya hapo. Ukilipima jambo hilo kwa maneno ya Budha huwezi kulipatia pa kusimama, kwa kuwa aliwaambia wanafunzi wake kwamba hata majambazi wakiwakata viungo kwa msumeno, atakayewachukia majambazi hao moyoni hafuati mafundisho yake.

Lakini itakuwa si kweli kusema kwamba jambo hilo halina asili yoyote katika vitabu vya Wabudha. Tarikh ya kale ya Sri Lanka iitwayo Mahavamsa inasimulia kwamba mfalme Dutthagamani alijuta baada ya vita vilivyoua watu wengi mno, na watawa wakamtuliza kwa kumwambia kwamba amewaua watu mmoja na nusu tu, yaani mmoja aliyezishika kanuni 5 na mwingine aliyekuwa ameanza kuingia katika dini, na kwamba waliosalia wasihesabiwe zaidi ya wanyama. Naiona simulizi hiyo kuwa ni uasi dhidi ya kanuni ya kwanza, ambayo haikuweka sharti la dini kwa anayestahili kuishi, na inasikitisha kwamba ilisomwa kwa heshima kwa karne nyingi. Wabudha wenyewe hawakunyamaza wote: mnamo Septemba 2017 Dalai Lama, kiongozi wa Wabudha wa Tibet, aliwaambia waandishi wa habari kwamba Budha angewasaidia Waislamu hao.