Mzee wa Kanda Anajibu: Yule Mzungu wa Kwenye Kaseti Si Mhubiri

SWALI: Shikamoo Mzee wa Kanda. Marehemu mume wangu alifanya kazi miaka mingi kwenye kivuko cha Kigongo–Busisi. Baada ya arobaini tulifungua sanduku lake tukakuta kaseti ya mzungu mwenye nywele za dhahabu, nyuma yake mlima mweupe. Jina limeandikwa Hansi Hinterseer. Baba watoto alikuwa akiipiga Jumapili mchana, anakaa kimya mpaka iishe. Mwisho wa upande wa pili anaingia mtu mwingine, sauti inakatikakatika kama ya mvulana anayebalehe. Wanangu wanasema huyo wa kwenye picha ni mhubiri, shemeji yangu anasema ni mwigizaji. Ni nani hasa, anaimba nini, na bado yu hai? — *Mama wa Nyakato, Mwanza*

JIBU: Marahaba mama, na pole sana kwa msiba. Barua yako nimeisoma mara tatu. Ya tatu niliisoma kwa sauti, mke wangu akatoka jikoni na mwiko mkononi kuuliza kumetokea nini. Nikamwambia kanda ya Bwana Visima, bosi wangu wa zamani, imepatikana.

Nianze na la mhubiri, maana naona limewasumbua. Si mhubiri. Ni Mwaustria, bingwa wa kuteleza kwenye theluji aliyegeuka mwimbaji, na mahubiri yake yote ni mapenzi na milima. Shemeji yako naye hajakosea sana. Kuanzia 2000 aliigiza filamu kadhaa za runinga, na majina yake karibu yote huanza kwa maneno yenye maana ya "Pale ambako": pale ambako kuna milima, pale ambako mapenzi yanakaa, na kuendelea. Ukishajua jina la moja, nyingine unaweza kuzitunga mwenyewe.

Mimi nilimjua hivi. Mwaka 1998 na 1999 nilikuwa dereva wa fundi mmoja wa visima aliyetoka jimbo la Tyrol huko Austria. Wanakijiji walimwita Bwana Visima. Kila wiki tulivuka kwenda Sengerema na Land Cruiser yenye mabomba juu ya paa. Siku hizo daraja halikuwepo, hilo limefunguliwa juzi tu 2025, kwa hiyo ilikuwa foleni pale Kigongo. Unazima gari, unanunua mahindi ya kuchoma, unasubiri. Bosi alikuwa na kaseti tano, na nne kati yake ni Hansi. Mwezi wa kwanza nilitamani kuzitupa ziwani. Mwezi wa sita nilikuwa naimba kiitikio bila kujua ninasema nini, mpaka akina mama wauza samaki wakaniuliza nimebatizwa kanisa gani.

Bosi alinisimulia maisha ya mtu huyo kwa vipande, kila kivuko kipande chake, na mengine nimeyathibitisha baadaye. Hansi alizaliwa Kitzbühel tarehe 2 Februari 1954. Alilelewa na babu na bibi yake kwenye shamba la mlimani liitwalo Seidlalm, juu ya mji. Mama, hilo neno "alm" lina uzito wake. Ni malisho ya juu ambako ng'ombe hupandishwa wakati wa kiangazi na kuteremshwa baridi ikianza. Waulize Wasukuma wa Magu wanaohamisha mifugo kufuata majani, watakuelewa bila kutafsiriwa. Sasa, shamba hilo limekaa ubavuni mwa Streif, njia ya mbio za kuteremka inayoogopwa kuliko zote duniani, urefu mita 3,312 na mteremko wa mita 860. Mtoto akichungulia nje anaona mabingwa wa dunia wakipita uani kama sisi tulivyoona daladala. Na baba yake, Ernst Hinterseer, alichukua dhahabu ya slalomu kwenye Olimpiki ya 1960 kule Squaw Valley, Marekani. Slalomu ni kupita kwa zigizaga kati ya vijiti kwa kasi bila kuruka hata kimoja.

Mtoto akafuata njia ya baba. Mwaka 1973 alitwaa taji la Kombe la Dunia katika slalomu kubwa, ile ambayo vijiti vyake viko mbalimbali zaidi. Mwaka uliofuata, akiwa na miaka 20, alipata medali ya fedha kwenye mashindano ya dunia ya St. Moritz, na Januari hiyohiyo alikuwa ameshinda slalomu ya nyumbani kwao Kitzbühel. Bosi akifika hapo alikuwa anapiga usukani kwa kiganja, ingawa usukani niliushika mimi. Kwa jumla Hansi alishinda mbio sita za Kombe la Dunia. Alipoacha, alifanya kazi na runinga ya Austria, akieleza mbio kwa watazamaji.

Kuimba kulikuja mwaka 1994, akiwa na miaka 40. Wimbo uliomtoa, ukitafsiri jina lake, ni "Leo bado hujanibusu". Bosi aliponifasiria nilimwambia kwetu neno hilo halisemwi wakwe wakiwa sebuleni. Akacheka sana, akasema kwao ndiyo wakwe wanaonunua.

Na kweli ndivyo ilivyo. Mashabiki wake wengi ni kina mama na kina bibi. Wamejaza kumbi, wamepanda naye mlima kwa maelfu, maana alikuwa na desturi ya kutembea na mashabiki milimani kwao Kitzbühel, yeye mbele na wao nyuma na fimbo zao. Picha zake nyingi amevaa viatu vikubwa vya manyoya vya theluji, ndivyo kitambulisho chake kama vile miwani myeusi ya waimbaji wetu wa dansi.

Sasa unauliza anaimba nini. Wao huita Schlager, neno linalotokana na kupiga, yaani wimbo unaopiga. Wajerumani walituachia maneno kama shule na hela, lakini "kibao" tulijitungia wenyewe, na angalia jinsi maana zilivyokutana: wimbo unaokuzaba. Schlager ni kibao chepesi, kiitikio unakijua kabla hakijaisha mara ya kwanza. Wa milimani huongezewa kodiani na mavazi ya asili, suruali za ngozi na magauni ya kufungwa kifuani. Lakini ukimwambia mzee wa Tyrol kwamba huo ndio muziki wa jadi, atakasirika. Muziki wa jadi upo, wa zeze zao na kodiani za vitufe, wanapiga wenyewe vijijini bila kamera. Huu wa Hansi umeshonwa kwa kitambaa cha jadi lakini cherehani ni ya studio. Tofauti yake ni kama bugobogobo, ngoma ya Wasukuma ya pale Bujora, majembe halisi yakirushwa juu na vumbi likitimka, na kinanda cha harusi kinachoigiza bugobogobo ili bwana harusi asiumie mgongo.

Mimi, kama mwenye masikio, nasema maneno yake yana sukari ya kupitiliza, kama chai ya msibani. Jua, moyo, mlima, wewe na mimi, kisha jua tena. Watu wa mjini huko Vienna na Berlin wanaudharau muziki huu na kuuita wa wazee. Sauti yake si kubwa, ni laini, anaimba kama anayekusemesha ukiwa na homa. Na hapo ndipo nilipokuja kumwelewa. Siku moja tumekwama Busisi, kivuko kimeharibika, giza linaingia, mbu wameanza. Bosi, mtu mzima mwenye ndevu, akaweka upande wa kwanza, akatazama maji, machozi yakamtoka. Nilidhani kapata taarifa ya msiba. Akasema neno moja, "Heimat". Nikamuuliza ni nini, akahangaika: si nchi, si nyumba, si kijiji. Nikamsaidia, nikamwambia kwetu tunasema pale kitovu chako kilipozikwa. Akaniambia niandike kwenye kijitabu chake.

Wanaokuja kumsikiliza Hansi wanakuja kusikia hicho kitovu. Yeye hakuhama. Anayeimba mlima ndiye aliyeushuka na mbao miguuni.

Yule wa mwisho wa upande wa pili, mwenye sauti ya kukatika, ni mtu mwingine kabisa. Huyo ni Franzl Lang wa Munich, aliyeitwa mfalme wa yodeli, alizaliwa 1930 na kufariki 2015. Yodeli ni ufundi wa kuruka kutoka sauti ya kifua kwenda sauti ya kichwa na kurudi, haraka haraka. Waimbaji wengi duniani wanajitahidi kuficha ule mpasuko kati ya sauti mbili, hawa wanauanika. Inasemwa wachungaji waliutumia kuitana bonde hadi bonde na kuita ng'ombe, maana sauti inayoruka hivyo inafika mbali. Wimbo wenyewe unasifia mji wa Kufstein, na wengi huudhani ni wa kale usio na mwenyewe. Si kweli. Uliandikwa na Karl Ganzer, mtu wa Kufstein hukohuko, na Lang akaupa umaarufu 1968. Manju wetu wangapi nyimbo zao zinaitwa za kale na wao wako hai wanalima pamba!

Nimejuaje kwamba ni Franzl Lang bila kuisikia? Kwa sababu nilikuwepo iliporekodiwa. Kaseti ya dukani hairekodiki, vile vitundu viwili vya juu vinakuwa wazi. Bosi alivibandika selotepu, akarekodi huo mmoja kwenye nafasi iliyobaki mwishoni. Mwaka 1999 alipomaliza mkataba, aligawa kaseti zake kwa vijana wa kivuko. Itoe kwenye kasha, mama, utazame juu. Kama kuna selotepu iliyogeuka manjano, na skrubu ya kona ya kushoto haipo, basi ndiyo. Skrubu hiyo niliipoteza mimi, siku redio ilipoitafuna nikaifungua juu ya boneti na kuurudisha utepe kwa kalamu ya Bic. Wimbo wa tatu upande wa kwanza sauti yake inazama kidogo na kuibuka. Ni hapo utepe ulipokunjika.

Yu hai, ndiyo, ameshavuka miaka 70. Na usiipige kwenye redio iliyolala miaka. Mpe kwanza fundi pale Makoroboi asafishe kichwa kwa spiriti na abadilishe mkanda wa mpira.

SWALI: Babu shikamoo. Mimi winga, miaka 22, natokea Kisesa. Naimba pia, ila wenzangu kambini wananicheka, wanasema mchezaji hawezi kuwa msanii. Nichague lipi? — *Winga*

JIBU: Marahaba mjukuu wangu. Soma jibu la juu kwanza, usiwe mvivu. Nyongeza yake ni hii: prodyuza aliyemtoa Hansi, Mjerumani anayejiita Jack White, jina lake halisi Horst Nußbaum, alikuwa mwenyewe mcheza soka wa kulipwa kabla ya kuingia studio. Baadaye alitengeneza na vibao vya waimbaji wa Marekani, David Hasselhoff mmojawapo. Kwa hiyo waambie wenzako wanyamaze.

Ila na wewe usijidanganye. Hansi alipofungua mdomo akiwa na miaka 40, kila nyumba Austria ilishamjua sura. Wewe hujulikani hata Kisesa yote. Bahati yako ni kwamba unaishi jirani na Bujora. Nenda Bulabo, sikukuu ya ngoma ya mwezi wa sita, ukawatazame Bagika na Bagalu, vile vyama viwili vya ngoma vya Wasukuma, wakicheza uwanja mmoja kwa wakati mmoja, na mshindi ni yule aliyewavuta watu upande wake. Hakuna jaji atakayekuonea huruma pale. Ukichosha, unaona migongo. Ukimaliza kutazama, omba uimbe hata ubeti mmoja kabla hawajaanza. Utakuja kuniambia uliona nyuso au migongo. Mazoezi ya jioni usiache.

SWALI: Mwalimu wetu alisema theluji inatokana na urefu wa mlima. Hao wa Austria wako juu kiasi gani kuliko sisi? — *Mwanafunzi, Ukerewe*

JIBU: Hujambo mwanangu. Utashangaa: sisi ndio tuko juu. Uso wa ziwa letu uko mita 1,134 kutoka usawa wa bahari, wakati mji wa Kitzbühel uko kama mita 760 tu. Yaani mvuvi wa Nansio akiwa ndani ya mtumbwi yuko juu kuliko kanisa la mji wao. Hata kilele cha Hahnenkamm, mlima wenye ile njia ya Streif, ni mita 1,712, hakifiki hata theluthi ya Kilimanjaro. Mwalimu hakukosea, urefu unaleta baridi, lakini kuna jambo la pili. Sisi tuko nyuzi mbili na ushee kusini mwa ikweta, jua linatupiga utosini mwaka mzima. Wao wako nyuzi 47 kaskazini, na Januari jua lao linapita chini pembeni, siku inakuwa fupi, ardhi inaganda. Bosi wangu alikataa kuamini mpaka alipochomoa kipimo chake cha mwinuko pale Kigongo, akakisoma mara mbili, akakirudisha mfukoni bila kusema kitu.