Maswali yenu kuhusu fluksi ya umeme na ya sumaku

Shikamoo mwalimu. Tunaposema fluksi ya umeme inapita kwenye uso, ni kitu gani hasa kinachopita? Elektroni? (Kidato cha tano, Tabora)

Marahaba. Hakuna kinachosafiri. Wengi hujikwaa hapa kwa sababu vitabu huchora mishale ikitoboa karatasi, na macho yanaona safari. Mishale ile ni mistari ya uga: inaonyesha kani ingeelekea wapi endapo ungeweka chaji chanya mahali pale. Fluksi ni kipimo cha uga kiasi gani umekatiza eneo ulilolichagua. Unazidisha uga E (yaani kani kwa kila kulombi moja ya chaji), eneo A na kosaini ya pembe: Φ = EA cos θ, na jibu linakuja kwa N·m²/C. Eneo lenyewe si lazima liwe karatasi wala bati. Unaweza kuwaza duara katika hewa tupu na ukakokotoa fluksi yake. Kwa hiyo mtu akikuuliza fluksi ni ngapi, muulize kwanza: kupitia uso upi?

Karatasi ya mraba yenye upande wa mita 0.2 imewekwa kwenye uga wa 500 N/C. Uga unafanya pembe ya nyuzi 30 na karatasi. Mimi napata 17.3, kitabu kinasema 10. Nani kakosea? (Kakamega)

Kitabu kiko sahihi. Pembe θ haipimwi kutoka kwenye karatasi, inapimwa kutoka kwenye mstari uliosimama wima juu ya karatasi. Uga ukiwa nyuzi 30 kutoka kwenye karatasi, basi uko nyuzi 60 kutoka kwenye mstari huo. Eneo ni 0.04 m², kwa hiyo 500 × 0.04 × 0.5 = 10. Watunzi wa mitihani wanaupenda mtego huu, na mimi nawaomba wanafunzi wangu wachore mstari ule wa wima kabla hawajagusa kikokotoo. Paneli ya sola inafuata hesabu hiyo hiyo: ikitazama jua ana kwa ana inapokea mwanga wote inaoweza kupokea, ikikaa ubavu mwanga unapita kando tu.

Chaji ikiwa nje ya boksi, kanuni ya Gauss inasema jumla ya fluksi ni sifuri. Inawezekanaje, na uga upo pale? (Mwanachuo wa ualimu, Mbeya)

Swali hili nimelifurahia sana. Uga upo, na kila uso wa boksi unaweza kuwa na fluksi yake. Lakini mstari unaoingia tunauhesabu hasi, unaotoka tunauhesabu chanya. Chaji ikiwa nje, kila mstari ulioingia lazima utokee upande mwingine, kwa hiyo jumla inafutika. Fluksi kuwa sifuri hakumaanishi uga ni sifuri.

Sasa iingize chaji ndani, tuseme mikrokulombi 1. Kanuni ya Gauss inasema jumla ya fluksi ni Q/ε₀, ambapo Q ni chaji iliyo ndani na ε₀ ni namba isiyobadilika ya ombwe, yaani 10⁻⁶ ugawe kwa 8.85 × 10⁻¹²: kama 113,000 N·m²/C. Boksi liwe dogo kama kiberiti au kubwa kama darasa, jibu ni lile lile. Kwa nini? Jaribu kwa tufe lenye chaji katikati. Uga unapungua kwa mraba wa umbali, na eneo la tufe linakua kwa mraba wa umbali. Ukizidisha, r² ya juu na r² ya chini zinafutana. Kanuni nzima ya Gauss imesimama juu ya kufutana huko. Kama kani ya Coulomb, yaani kani kati ya chaji na chaji, ingepungua kwa namna nyingine yoyote, isingefanya kazi.

Ndiyo maana chaji ikiwa katikati kabisa ya mchemraba, kila uso unapata moja ya sita, bila kuhangaika na hesabu ndefu. Isogeze pembeni, na nyuso hazitagawana sawa tena, ila jumla haibadiliki.

Na kwa sumaku mbona jumla ni sifuri siku zote? (Morogoro)

Kwa sababu hatuna ncha ya kaskazini inayoishi peke yake. Kata sumaku vipande viwili, kila kipande kitakuwa na kaskazini na kusini yake. Mistari ya uga sumaku haina mwanzo wala mwisho, kwa hiyo inayotoka kwenye boksi lililofungwa ni sawa na inayoingia. Ncha moja pekee imetafutwa kwa miaka mingi, na hadi leo hakuna iliyothibitishwa.

Tesla na weba ni kitu kimoja? (Kisumu)

Hapana. Weba ni kipimo cha fluksi sumaku. Tesla ni weba kwa kila mita mraba.

Mimi ni fundi redio. Nilitaka volti 230 kutoka kwenye betri ya gari, nikaiunganisha kwenye upande wa volti 12 wa transfoma. Upande wa pili hakuna kitu, na transfoma ikapata moto. Tatizo ni nini? (Mwanza)

Fundi, mwanasayansi Faraday alikutana na jambo hilo London mwaka 1831. Alizungushia koili mbili kwenye pete ya chuma, moja akaiunganisha na betri. Sindano ya sumaku kwenye koili ya pili ilicheza alipounga mkondo, ikatulia, ikacheza tena alipoukata. Katikati ya hapo fluksi ilikuwa imejaa chumani, lakini haikuzaa chochote, maana kinachozaa volti ni badiliko la fluksi. Koili ya mizunguko 200, fluksi ikishuka kutoka weba 0.003 hadi sifuri kwa sekunde 0.1, inatoa 200 × 0.003 ÷ 0.1 = volti 6. Ikishuka ndani ya sekunde 0.001, inatoa volti 600.

Umeme wa gridi, wa hezi 50, unaigeuza fluksi bila kupumzika, na ule mvumo wa transfoma ya mtaani ni chuma chake kikitikisika kwa sababu hiyo. Betri haiigeuzi. Na kwa kuwa fluksi imetulia, koili haizalishi volti ya kuupinga mkondo, unabaki ukinzani mdogo wa waya tu, ndipo moto ulipotokea.

Usirudie, hasa kuchomoa waya huku umeshika upande wa 230. Mkondo ukikatika ghafla fluksi inaporomoka, na volti zinaruka juu sana. Koili ya plagi kwenye gari la petroli imetengenezwa kwa kazi hiyo: mkondo wa betri ya volti 12 unakatwa ghafla, na upande wa pili yanatoka maelfu ya volti ya kurusha cheche.