Kwa anayeanza kukusanya sarafu za kale: anza na heller

Wengi wanaoingia katika kazi hii huja na sarafu ya Kijerumani iliyookotwa shambani au kuachwa na bibi, na swali lao la kwanza ni bei. Nawasihi waanze na jina lake: heller, sarafu ndogo ya Wajerumani.

Ukifungua kamusi ya Kijerumani, utaona "heller" ina maana ya kung'aa zaidi, nawe utadhani umepata asili yake. Sivyo. Jina limetoka Hall, mji wa chumvi kando ya mto Kocher, ambao leo unaitwa Schwäbisch Hall. Karibu na mwaka 1200 mji huo ulikuwa ukitoa sarafu ndogo za fedha zilizoitwa pfennig, nyingi zikiwa na mkono upande mmoja na msalaba upande wa pili. Watu wakaziita kwa jina la mji: Häller, hatimaye Heller. Miji mingine ikaziiga, fedha ndani yake ikazidi kupungua, mwishowe ikabaki shaba. Taler, sarafu kubwa ya fedha, nayo ina asili ya namna hiyo. Inatokana na Joachimsthal, mji wa migodi ya fedha huko Bohemia, na ndiyo iliyozaa dola. Basi ukikutana na jina usilolijua, tazama ramani kabla ya kamusi.

Huku kwetu heller iliingia mwaka 1904, serikali ya Ujerumani ilipochukua utoaji wa sarafu kutoka DOAG, kampuni ya Kijerumani ya Afrika Mashariki. Awali rupia 1 ilikuwa sawa na sarafu ndogo 64 zilizoitwa pesa; sasa ikawa heller 100. Hapo ndipo tulipopata neno hela. Linanigusa sana jambo hili, kwa sababu Ujerumani kwenyewe mfumo wa mark ulikuwa umekwisha kuiondoa heller tangu miaka ya 1870.

Ukishaelewa jina, tafuta herufi ndogo ya kiwanda kilichoipiga: A ni Berlin, J ni Hamburg, T ni Tabora. Za Tabora zishike kwa heshima. Mwaka 1916 vita vilikuwa vimefunga bahari, sarafu hazifiki, ndipo heller 20 zikapigwa palepale Tabora kwa shaba nyekundu na ya njano. Mataji yake hayafanani, na nyingine zimegongwa kombo. Msizikatae kwa sababu hiyo. Mimi huzitilia shaka zaidi zile zilizonyooka mno.

Usisugue sarafu kwa limau wala majivu, hata muuzaji akikuhimiza. Ngozi ile nyeusi ni umri wake, na ikitoka hairudi.

Na tundu la katikati kwenye heller 10 lisikutie wasiwasi, ndivyo ilivyotengenezwa. Heller 1 yenye tundu pembeni ni habari nyingine: mtu aliitoboa avae. Bei yake hushuka, lakini mimi huiweka, na huandika imetoka kijiji gani.