Jibu: Mfanya mazingaombwe aliyewafuata Beatles
Habari ndugu. Umekwama kwa kuwa unamtafuta mfanya mazingaombwe aliyepanda jukwaani baada ya Beatles, bendi ya Uingereza, katika kipindi cha televisheni cha Ed Sullivan huko Marekani, na kila utafutaji unakurudishia Beatles wenyewe. Mimi huanza na tarehe, kisha orodha nzima ya wasanii wa usiku huo, kwani nyota humeza wenzake. Tarehe 9 Februari 1964, mbele ya watazamaji wapatao milioni 73, alikuwa Fred Kaps, Mholanzi aliyecheza na karata na chumvi isiyoisha kumwagika. Tafuta pia jina lake la kuzaliwa, Abraham Bongers, hasa katika kumbukumbu za mazingaombwe kuliko za televisheni. Huko si msanii mdogo hata kidogo, maana alitwaa ubingwa wa dunia mwaka 1950, 1955 na 1961.