Jibu: Kwa nini walijenga Isle de Jean Charles katikati ya maji?

Mkuu, umeuliza mtu gani mwenye akili timamu angejenga kijiji cha Isle de Jean Charles, kule Louisiana, Marekani, kwenye kamba ya ardhi iliyozungukwa na maji. Jibu fupi ni kwamba wakati huo hayakuwa maji.

Kijiji kilijengwa kando ya bayou, yaani mkono wa mto ambao maji yake yanakwenda polepole mno. Kule Louisiana kusini, kila mafuriko yaliacha tope kingoni, na baada ya karne nyingi kingo zikawa tuta. Nyuma ya tuta ni kinamasi. Ndiyo maana vijiji vya huko ni virefu na vyembamba, nyumba zimepangana kama shanga kufuata maji.

Wazee wa pale husimulia kwamba Mfaransa mmoja, Jean Marie Naquin, alioa binti wa Kihindi Mwekundu, ukoo wake mwenyewe Jean Marie ukamkataa, wakahamia huko mwanzoni mwa miaka ya 1800. Kisiwa kikapewa jina la baba yake, Jean Charles, yule yule aliyemkataa! Baada ya sheria ya 1830 ya kuwahamisha wenyeji kwa nguvu, kujificha kinamasini kulikuwa na faida zake.

Walivua, wakatega wanyama, wakafuga ng'ombe. Safari zote zilikuwa kwa mtumbwi; barabara ilifika 1953, na upepo wa kusini ukivuma inafunikwa na maji.

Tangu 1955 takriban asilimia 98 ya ardhi ya kisiwa imezama. Mialoni iliyouawa na chumvi bado imesimama, mikavu, myeupe.